Wimbo wa Shukrani Ulikotoka



Kurasa nyingine za kijitabu hiki zina majina ya wenyekiti, walimu wa kwaya na waweka hazina tangu mwanzo, pamoja na picha za sare zetu zote, hata ile ya rangi ya machungwa ambayo wengi wetu tungependa isahauliwe. Sisi wa upande wa ukatibu tulipewa kurasa hizi tuandike historia. Tungeweza kueleza jinsi kwaya ilivyoanza na watu tisa na ngoma moja, lakini hayo mzee mwenyekiti ameyasimulia vizuri kutushinda. Kwa hiyo tuliomba ruhusa tuandike historia ya kitu kimoja tu, nacho ni wimbo wa shukrani: ulikotoka, waliouimba kabla yetu, na siku ambayo sisi wenyewe tuliuimba vibaya.

Jambo lenyewe lilianzia katika kamati ya jubilii. Tulikuwa tukichagua wimbo wa kufungulia ibada. Vijana walileta wimbo mpya wenye kinanda kingi. Wazee wakasema hapana, kwaya haiwezi kufikisha miaka 50 halafu ifungue ibada bila "Tukutendereza". Tukabishana, kwa upendo lakini tukabishana, mpaka mama mmoja wa sauti ya pili ambaye haongei sana mikutanoni akauliza: "Tunataka kushukuru, sawa. Na ile pesa ya watu, tulisharudisha yote?"

Kamati ikanyamaza. Tutafika huko.

Tuanze na "Tukutendereza". Wengi wetu tuliukuta wimbo huu kanisani kama tulivyozikuta kuta za kanisa, tukadhani ulikuwako siku zote. Maneno yake ni ya Kiganda, na neno lile la kwanza maana yake ni kwamba tunakusifu. Kiitikio chenyewe kilitokana na wimbo wa Kiingereza wa karne ya 19 ulioandikwa na Louise M. Rouse. Lakini wimbo ule ulipofika kwetu Afrika Mashariki ulipata maisha mengine kabisa. Leo unaimbwa Uganda, Rwanda, Burundi, Tanzania na Kenya, na mahali pengi watu hata hawajishughulishi kuutafsiri. Mkikuyu, Mluo, Mtaita na Mkamba huuimba kwa Kiganda kile kile. Huimbwa harusini, na huimbwa kaburini udongo ukiwa bado haujarudishwa.

Walioueneza ni watu wa uamsho, na uamsho huo haukuanza katika mwaka wa mavuno mema. Daktari Joe Church, Mwingereza, alifika katika hospitali ya misheni ya Gahini, mashariki mwa Rwanda, mwaka 1928. Mvua zilikuwa zimekosekana, na njaa ikashika nchi mpaka 1929, njaa ambayo Wanyarwanda wanaikumbuka kwa jina la Rwakayihura. Watu walikuwa wakifa njiani. Daktari huyo alifanya kazi mpaka akaishiwa nguvu za mwili na za roho pia. Mnamo Septemba 1929 akiwa Kampala, juu ya kilima cha Namirembe, alikutana na Mganda mmoja aitwaye Simeon Nsibambi. Wakakaa siku mbili wakisoma Biblia pamoja na kuomba. Mzungu na Mwafrika kuketi hivyo, kila mmoja akimfungulia mwenzake moyo, halikuwa jambo la kawaida katika miaka ile ya ukoloni. Baadaye Blasio Kigozi, ndugu yake Nsibambi, alikwenda kufundisha Gahini. Alifariki Januari 1936 akiwa bado kijana. Moto aliokuwa akiuhubiri ukaenea zaidi baada ya kifo chake.

Tunayaeleza haya kwa sababu ukisikia "Tukutendereza" ukipigwa siku hizi kwa gitaa la besi na ngoma za umeme, ni rahisi kufikiri ni wimbo wa watu ambao mambo yao yalikuwa yamenyooka. Walioupokea walikuwa wametoka kuzika. Hawakuimba kwa sababu njaa iliwapita wao ikawapiga jirani. Waliimba kwa sababu ya damu ya Yesu na msamaha wa dhambi, na hicho ni kitu ambacho njaa haikuweza kuwapa wala kuwanyang'anya.

Na walikuwa na desturi moja ambayo sisi wa siku hizi tumeipunguza. Mtu aliposimama katika ushirika akashuhudia kwamba ameokoka, wenzake walimpokea kwa wimbo huo. Lakini ushuhuda haukuishia pale. Aliyekuwa ameiba alirudisha. Aliyekuwa na deni alilipa. Mfanyakazi alikwenda kwa mwajiri wake na kitu alichokuwa amekificha nyumbani, mume akatubu mbele ya mkewe, mmishenari akamwomba msamaha Mwafrika aliyekuwa akimdharau. Wazee wetu wa ushirika wanasema kuna watu waliowaogopa wandugu wa uamsho kwa sababu hiyo hiyo: mtu akiokoka leo, kesho anaweza kubisha hodi kwako na kukwambia jambo ambalo hukutaka kulijua. Hata salamu yetu ya "Bwana asifiwe", tunayoitumia mpaka kwenye simu na kwenye matatu, ilienezwa sana na hao wandugu. Wao walipoitamka, mara nyingi ilifuatwa na maelezo.

Mwaka 1937 timu ya wandugu ilikuja Kabete, na kutoka hapo uamsho ukaenea hapa Kenya. Haukupokelewa na kila mtu. Baadhi ya makanisa yalilalamika kwamba watu hawa wana kelele na wanajiona. Tusiwafanye kuwa malaika, kwani walikuwa na magomvi yao pia, na baadaye waligawanyika katika baadhi ya sehemu. Lakini mwaka 1952 ilipotangazwa hali ya hatari, Wakristo wengi wa uamsho katika nchi ya Wakikuyu walijikuta katikati. Walikataa kula kiapo kwa sababu, walisema, wameshakunywa damu ya Yesu na hawawezi kuchanganya. Wengi wao walikataa vilevile kushika bunduki za serikali. Kwa hiyo pande zote mbili ziliwatilia shaka, na wako waliouawa. Wakati huo huo waliendelea kukutana na wandugu wa makabila mengine na hata wazungu, jambo ambalo wengine waliliona kuwa usaliti.

Mkipata nafasi ya safari ya kwaya, twendeni Murang'a. Pale kuna kanisa kuu lililojengwa kuwa ukumbusho wa Wakristo waliokufa katika miaka ile. Ukutani, msanii Elimo Njau, mzaliwa wa Marangu huko Kilimanjaro, alichora maisha ya Bwana Yesu: kuzaliwa, ubatizo, karamu ya mwisho, Gethsemane na msalaba. Watu wote ni Waafrika, na mandhari ni ya hapa kwetu, vilima na mabonde na nyumba za nyasi. Yesu anazaliwa katika nyumba ambayo nyanya zetu wangeijua.

Picha ya karamu ile ya mwisho inatukumbusha jambo ambalo wanakwaya tunapaswa kulijua kuliko watu wengine. Katika Injili hatusomi mara nyingi kwamba Yesu aliimba. Tunasoma katika Mathayo 26 na Marko 14, usiku ule aliosalitiwa. Walipomaliza kula waliimba, ndipo wakatoka kwenda mlima wa Mizeituni. Wataalamu wa Biblia wanasema yaelekea walikuwa wakiimba zaburi za Pasaka, yaani zile za 113 mpaka 118, ambazo mwisho wake ni wito wa kumshukuru Bwana. Kabla ya kuimba alikuwa ametwaa mkate na kikombe, na juu ya vyote viwili alitoa shukrani. Neno la Kigiriki la kushukuru ndilo lililozaa neno Ekaristi, ambalo ndugu zetu Wakatoliki hulitumia kwa Meza ya Bwana. Kwa hiyo kila tunapokuja mezani tunakuja kwenye shukrani iliyotolewa na mtu aliyejua kwamba kabla ya jogoo kuwika atakuwa amekanwa na rafiki yake. Yuda naye alikuwa ameketi katika meza hiyo hiyo.

Kuna mwingine ambaye wimbo wake tumeuimba katika harusi nyingi bila kumjua. Martin Rinkart alikuwa mchungaji katika mji wa Eilenburg, huko Saxony nchini Ujerumani. Vita ile waliyoiita ya miaka thelathini, kutoka 1618 hadi 1648, ilimkuta kazini. Eilenburg ulikuwa na ukuta, kwa hiyo watu waliokimbia vijijini walijazana ndani yake, na njaa na maradhi yakaingia pamoja nao. Mwaka 1637 tauni iliwaua wachungaji wenzake, akabaki yeye. Inasemekana alizika watu zaidi ya 4,000 katika mwaka huo, siku nyingine 40 au 50. Mmoja wa aliowazika ni mke wake.

Huyo ndiye aliyeandika ule wimbo unaowaita watu wote wamshukuru Mungu kwa moyo, kwa mikono na kwa sauti. Johann Crüger akautia katika kitabu chake cha nyimbo pamoja na sauti tunayoijua. Wengi wanaamini kwamba Rinkart aliuandika kwanza kama sala ya mezani, ili watoto wake waimbe baada ya kula. Hilo limetugusa kuliko hesabu ya makaburi. Baba yuko nyumbani, chakula ni kidogo, nje kuna mikokoteni ya maiti, naye anawafundisha watoto kusema ahsante kwa kile kilichopo sahanini. Baadhi yetu tulilelewa hivyo hivyo na akina nyanya ambao hawakusikia habari za Saxony. Sukuma na ugali vikiletwa hakuna mkono unaonyooka mpaka aliyeketi karibu na mlango aombe, na ombi likiwa refu mno, mboga hupoa na hakuna wa kulalamika.

Sasa tuje kwetu.

Hapa Bonde la Ufa, Jumapili ya kwanza ya mwaka ilikuwa ndiyo Jumapili yetu kubwa ya shukrani. Kila sauti ilileta sadaka yake mbele, sopurano, alto, teno na besi, na kwaya iliimba nyimbo nne au tano mfululizo. Tarehe 6 Januari 2008 ilikuwa Jumapili ya namna hiyo. Uchaguzi ulikuwa umepita siku kumi tu. Hatuna haja ya kuwaeleza wasomaji wa hapa yaliyotokea katika siku hizo. Moshi tuliuona wote. Wengine wetu tulikuwa bado wanafunzi wa sekondari tukiimba katika safu ya vijana, na tunakumbuka kwamba mlango wa kanisa ulifungwa kwa ndani ibada ilipoanza, kitu ambacho hatukuwa tumekiona kabla wala hatujakiona tena.

Kwaya ilikuwa na watu zaidi ya 40. Siku ile tulikuwa 11.

Tumekitafuta kitabu cha kumbukumbu cha mwaka ule. Panya wamekula pembe moja lakini ukurasa uko. Katibu wa wakati huo aliandika hivi: "Ibada ilikuwa nzuri. Waimbaji 11. Nyimbo 4. Mungu ametulinda." Hakuna kingine. Hatumlaumu. Pengine hata sisi tungeandika hivyo hivyo, tukihofia ni nani atakayekisoma.

Ambacho hakikuandikwa ni hiki. Wimbo wa pili ulikuwa wa kumshukuru Mungu kwa kutufikisha salama. Tulipofika ubeti wa mwisho, ndugu mmoja wa teno alikiweka kitabu chake cha nyimbo juu ya benchi, polepole, kama mtu anayeweka mtoto aliyelala. Akapita kando ya ukuta, akamwomba mzee wa kanisa amfungulie mlango, akatoka. Nyumba ya kaka yake ilikuwa imechomwa Jumatano. Sisi tuliendelea kuimba. Baadhi yetu tulimwona, tukaongeza sauti ili pengo la teno lisisikike.

Shule zilipofunguliwa mwezi huo tuliimba wimbo wa taifa mbele ya bendera, tukiwa wachache. Wengi wanajua kwamba sauti ya wimbo huo ilitokana na wimbo wa Wapokomo wa kubembeleza mtoto, na kwamba mwaka 1963 ulitayarishwa na jopo la wanamuziki watano, Graham Hyslop, George Senoga-Zake, Thomas Kalume, Peter Kibukosya na Washington Omondi. Kalume alikuwa mchungaji. Wimbo wenyewe ni ombi tangu mwanzo hadi mwisho, na ubeti wa tatu, ambao sisi tuliosomea ualimu tunajua watoto huumung'unya, unaomba kwamba kila siku tuwe na shukrani. Asubuhi ile tuliuimba tukitazama madawati yasiyokuwa na watu. Hakuna aliyeumung'unya.

Tangu siku hizo tumejiuliza mara nyingi kosa letu lilikuwa nini. Kushukuru si kosa. Tulikuwa hai, na kuwa hai ni kipawa. Lakini katika Luka 18 kuna mtu aliyepanda hekaluni akamshukuru Mungu kwamba yeye si kama watu wengine. Lile nalo lilikuwa ombi la shukrani. Tofauti ni kwamba shukrani yake ilihitaji mtu mwingine wa kusimama nyuma yake akiwa mbaya au maskini zaidi, ndipo ipate maana. Watu wa Gahini hawakuhitaji mtu wa namna hiyo. Rinkart hakuhitaji. Sisi siku ile, tukisema kweli, tulimhitaji. Tulikuwa tunashukuru kwamba moto ulipita mlango wa pili.

Kisha kuna ile pesa.

Kwaya ina mfuko wa kusaidiana, mwanakwaya akifiwa au akilazwa. Kila mmoja hutoa kila mwezi na jina lake huandikwa daftarini. Mwanzoni mwa 2008 familia nne zilizokuwa na watu kwaya zilikimbia. Moja ilikaa kwanza katika uwanja wa maonyesho chini ya hema, kisha zote zikatawanyika, nyingine mbali kabisa. Akiba zao zilibaki kwetu. Katikati ya mwaka kamati iliamua kununua spika mbili. Kitabu kinasema "waliohama wamejitoa", na fedha zote za mfuko, na zao zikiwamo, zikanunua spika. Spika zilikuwa nzuri. Tuliziimbia miaka mingi. Tulimshukuru Mungu kwa ajili yake mbele ya kanisa zima, na mchungaji akaziombea.

Katika mkutano wetu wa mwaka wa 2010 alisimama mzee mmoja wa besi, mtu wa ushirika wa zamani, ambaye sasa amelala katika Bwana. Alikuwa ameshika kofia yake kwa mikono miwili. Alisema kwamba yeye hana neno na spika ila kila zinapowashwa anasikia majina manne. Halafu akaketi. Hakuimba, hakuhubiri, na hakuna aliyemjibu kwa dakika nzima. Wiki iliyofuata kamati ilifungua daftari, ikapiga hesabu ya kila jina, na kila sauti ikachangishwa. Wazee wawili wakatumwa kuzipeleka.

Familia ya kwanza ilipokea na kutuombea. Ya pili ilipokea, haikusema neno. Ya tatu, mama wa nyumba aliwakaribisha chai, akahesabu zile noti mbele yao, kisha akauliza: "Siku ile mlikuwa mnashukuru nini?" Wazee wetu walirudi na swali hilo wakalileta mazoezini Jumamosi, nasi tukalikalia badala ya kuimba. Yako mazoezi mengi tumeyasahau, hayo hatujayasahau. Kuanzia Januari iliyofuata Jumapili yetu ya shukrani ilibadilika. Kabla ya sadaka kuna kimya, na mwenye deni na mwenzake, la fedha au la maneno, humtafuta kwanza. Mara ya kwanza watu waliona haya na hakuna aliyeinuka. Mara ya pili waliinuka akina mama wawili wa sopurano waliokuwa hawasalimiani kwa sababu ya sufuria ya harusi. Kanisa zima lilijua habari ya sufuria hiyo, na ni Mungu tu aliyetuzuia tusicheke.

Mwaka 2020 hatukuwa na Jumapili kubwa ya aina yoyote kuanzia Machi. Makanisa yalipofunguliwa Julai, kwa watu 100 na kwa saa moja, wenye umri wa zaidi ya miaka 58 hawakuruhusiwa kuingia, kwa hiyo waanzilishi wetu wote walibaki nyumbani. Tulikuwa tukiwapigia simu jioni na kuwaimbia ubeti mmoja mmoja, mpaka salio liishe.

Tulipoanza kutayarisha sherehe hii, mchungaji alitufundisha asili ya neno jubilii. Biblia yetu inauita mwaka huo yubile, na neno lenyewe limetokana na pembe ya kondoo dume iliyopigwa kuutangaza. Ni jina la chombo cha muziki, jambo lililowafurahisha sana vijana wa tarumbeta. Lakini Walawi 25 inasema pembe hiyo ilipigwa siku ya upatanisho, na mara baada ya kupigwa, shamba lilimrudia mwenyewe na mtumwa aliirudia jamaa yake. Hapo ndipo swali la yule mama wa sauti ya pili lilipotukuta.

Jibu ni kwamba hatujarudisha yote. Familia ya nne hatujaipata. Tulikwenda mahali tulipoelekezwa tukaambiwa walikwisha kuhama, na namba ya simu tuliyokuwa nayo ilikuwa ya mtu mwingine. Fedha zao, shilingi 4,350, ziko katika bahasha kwa mweka hazina, na kamati imekubaliana kuziongezea faida ya miaka yote hii, kwa kuwa spika zilitufaa sisi.

Ndugu yule wa teno tumempata. Anaishi si mbali sana, na sauti yake, tumeambiwa, bado ipo. Wawili wetu tulikwenda kwake na kadi ya mwaliko na tukamwomba msamaha kwa ile Jumapili, tukimwambia wazi kwamba tulimwona akitoka. Alikaa kimya, akatutafutia viti, akamtuma mtoto dukani kununua maziwa. Tulipokuwa tukiondoka alisema: "Nitakuja. Kuimba, sijui." Tulimwambia inatosha. Tumemwekea kiti katika safu yake ya zamani, cha tatu kutoka mlangoni, na kitabu cha nyimbo kiko juu ya kiti hicho.

Ibada itafunguliwa kwa "Tukutendereza", bila kinanda, kama walivyotaka wazee. Wimbo wa vijana utafuata, na kinanda chote wanachotaka.

Yeyote anayeijua familia tuliyoitaja, iliyokuwa na mama katika sauti ya pili na kijana wake aliyepiga kayamba mpaka mwisho wa 2007, tafadhali amwone mweka hazina baada ya ibada. Atakuwa ameketi meza ya kwanza upande wa kushoto wa lango, karibu na mahali pa chai.